Wahusika wa Kike katika Tamthilia: Kwa Nini Hawachakai?

Kila unapowadia wakati wa mitihani, swali moja hurudi katika karatasi za fasihi ya Kiswahili kama mwezi mwandamo: eleza nafasi ya mwanamke katika tamthilia mbili ulizosoma. Jibu nalo hurudi vilevile. Mwanafunzi aliyejiandaa ataandika kwamba mwanamke amechorwa kama chombo cha starehe, kama mlezi wa familia, kama mtu asiye na msimamo, kama mwanamapinduzi. Atatia mfano mmoja chini ya kila kichwa, na alama zake atazipata. Hatumlaumu. Sanduku hilo lenye vyumba vinne amelikuta limekwisha kutengenezwa, naye anapanga humo alichopewa. Ila ukimwuliza baada ya mwaka mmoja anakumbuka nini, hatakutajia chumba hata kimoja. Atakumbuka mwanamke fulani aliyesimama mahali fulani akasema jambo, au akakataa kulisema.

Basi tunalotaka kulichungua katika kurasa hizi ni hilo analolikumbuka. Kwa nini wahusika hawa hawachakai? Kwa nini mke wa Macbeth, aliyeanza kusema Kiswahili mwaka 1968 katika tafsiri ya S. S. Mushi, angali akinyamazisha darasa zima, ilhali mashujaa wengi wa kiume wa tamthilia za enzi ileile wamebaki kuwa majina ya kukariri? Jibu la haraka ni kwamba wanawake hao ni mifano bora ya kuigwa na wasichana. Jibu hilo halisimami. Mke wa Macbeth si mfano bora kwa mtu yeyote. Bi Kirembwe katika Kivuli Kinaishi cha Said Ahmed Mohamed (1990) anaitawala Giningi, nchi ambayo jina lake watu wa Visiwani wanalijua kuwa ni makao ya wachawi, na anaitawala kwa hofu. Hata hivyo ukifunga kitabu ni sauti yake inayobaki masikioni, kabla ya sauti ya Mtolewa anayempinga. Wema peke yake haumfanyi mhusika aishi, wala uovu haumwui.

Maoni yetu ni haya. Mhusika wa kike katika tamthilia mashuhuri mara nyingi huwekwa mahali penye mlango mmoja tu, nao umefungwa, na bado inampasa kutenda. Shujaa wa kiume hupewa upanga, jeshi au kiti cha enzi. Yeye hupewa maneno na muda mfupi. Kwa hiyo hana budi kufikiri mbele yetu, na kufikiri mbele ya watu ndiyo kazi yenyewe ya jukwaa.

Tuchukue kwanza mmoja ambaye madarasani hupitwa kama mti wa kando ya njia. Katika Mfalme Edipode, tamthilia ya Sophocles ambayo Mushi huyohuyo aliifasiri mwaka 1971, macho yote humwelekea mfalme anayetafuta kweli ya kuzaliwa kwake. Lakini wa kwanza kuijua kweli hiyo si yeye. Ni mkewe, Jocasta. Mjumbe amefika kutoka Korintho na habari anazodhani kuwa za furaha: kwamba yule mzee aliyefariki huko hakuwa baba mzazi wa Edipode, na kwamba yeye mwenyewe alimpokea mtoto huyo mlimani kutoka kwa mchungaji. Edipode anasikia na hafahamu. Jocasta anasikia na anafahamu yote kwa mara moja: mume, mtoto, ndoa, watoto wao. Kuanzia hapo ana jambo moja tu la kufanya, nalo ni kumsihi mumewe aache kuuliza. Hawezi kumweleza kwa nini, maana kueleza ndiko kuliko kulitenda lile analolizuia. Edipode naye, kwa kiburi cha mwanamume anayedhani amemjua mkewe, anafikiri kwamba bibi huyu anaona haya asije akadhihirika kuwa mume wake ni mtoto wa mtumwa! Jocasta anaingia ndani. Harudi tena.

Hapo pana somo zima la utunzi kwa mwalimu anayetaka kulifundisha. Hadhira inamtazama mfalme anayesema sana, na huku inamwogopea mwanamke aliyeacha kusema. Wanafunzi wanapoigiza onyesho hili hutaka kumwongezea maneno, eti hajamaliza. Wazuiwe. Urefu wa kile kimya, kabla hajageuka na kutoka, ndio unaopima uwezo wa mwigizaji. Na ni vigumu zaidi kuliko hotuba yoyote. Wala Jocasta hapati chumba katika lile sanduku la vyumba vinne. Si chombo, si mlezi, si mwanamapinduzi. Ni mtu aliyejua mapema mno.

Mke wa Macbeth anatupa jambo jingine la kutafakari: hana jina. Katika tamthilia nzima hakuna anayemwita kwa jina alilopewa na wazazi wake; yeye ni bibi wa mumewe, basi. Na huyu asiye na jina ndiye anayeanza kazi ambayo mwenye jina anaiogopa. Tunapomkuta katika kitendo cha tano, anatembea usingizini akijaribu kunawa damu ambayo hakuna mwingine anayeiona. Tumezoea kusema kwamba anaadhibiwa kwa uovu wake. Tuseme pia kwamba aliitumia nguvu yake yote kumpandisha mtu mwingine katika kiti, na mtu huyo alipokwisha kukaa hakumhitaji tena hata kwa mashauri. Macbeth anapanga mauaji yaliyofuata bila kumwambia. Upweke wake ulianza hapo.

Ukosefu huo wa jina twaukuta tena, kwa kusudi jingine kabisa, katika Nguzo Mama ya Penina Muhando (1982). Wanawake wa kijiji cha Patata wanaitwa kwa hesabu, Bi Moja hadi Bi Nane, nao wameitwa kuisimamisha nguzo. Haisimami. Mmoja anaondoka kwa jambo lake, mwingine anagombana, mjane anahangaishwa na jamaa za marehemu wanaoitaka mali. Ilikuwa rahisi kwa mtunzi, katika ule Muongo wa Wanawake uliotangazwa na Umoja wa Mataifa kuanzia 1976 hadi 1985, kuwapa wanawake hao ushindi wa risala. Hakuwapa. Aliwahesabu, akawaonyesha wakishindwa, na akaiachia hadhira nguzo ikiwa bado chini. Kwa mtazamo wetu hii ndiyo sababu Nguzo Mama ingali inasomeka, na michezo mingi ya shangwe iliyotungwa wakati ule haisomeki. Mhusika mmoja mmoja ndani yake si mzito, hilo tukubali. Uzito wao uko katika kundi, na mwalimu anayemtafuta shujaa mmoja humo atatoka mikono mitupu.

Sasa tumfikie Portia, ambaye kwa Kiswahili ana bahati ya pekee. Tamthilia mbili alizozifasiri Mwalimu Nyerere, Juliasi Kaizari (iliyotoka mara ya kwanza mwaka 1963, kisha ikarekebishwa 1969) na Mabepari wa Venisi (1969), zote mbili zina Portia. Wa kwanza ni mke wa Brutus, anayejijeruhi paja ili kumthibitishia mumewe kwamba anaweza kutunza siri. Wa pili ni tajiri wa Belmont, naye Shakespeare mwenyewe anatukumbusha ndani ya tamthilia kwamba jina lake ni la yule wa Roma. Ukiwasoma pamoja utaona hatua iliyopigwa. Portia wa Roma anaomba aambiwe. Portia wa Belmont haombi kuambiwa. Anavaa joho la mwanasheria, anaingia mahakamani, anasoma mkataba wa Shylock neno kwa neno, na anakuta kwamba mkataba umetaja ratili ya nyama na haukutaja tone la damu.

Wanafunzi wa Rwanda hawahitaji maelezo marefu juu ya msichana anayevaa uanaume ili aingie pasipomruhusu. Wanamjua Ndabaga. Simulizi ya Kinyarwanda inaeleza kwamba babake alizeeka katika utumishi wa jeshi la mfalme kwa kuwa hakuwa na mtoto wa kiume wa kuja kumpokea zamu. Binti akajifunza upinde na kuruka, akaukata mwili wake ufanane na wa mwanamume, akaenda kushika nafasi ya babake. Jina lake limeingia katika msemo wa Wanyarwanda wa hali iliyofika pabaya. Tukiwaweka wawili hawa pamoja, Portia anapungua kidogo. Yeye alivua joho lake jioni ileile akarudi nyumbani kucheza mchezo wa pete na mumewe. Ndabaga hakuwa na la kuvua. Na kuna jambo ambalo mwalimu wa Kiafrika hapaswi kulifunika: Portia huyuhuyu, anayeisifu huruma kwa maneno mazuri, anafurahi alipoondoka Mwanamfalme wa Morocco, na furaha yake anaihusisha na rangi ya ngozi ya mchumba huyo. Tukimficha mwanafunzi hilo tunamnyima Portia halisi. Akili yake kali na moyo wake mwembamba vimo katika mwili mmoja.

Tukumbushane pia, kwa kupita, kwamba katika London ya Shakespeare wanawake hawakuruhusiwa jukwaani; waliigizwa na wavulana, hadi mwaka 1660 mambo yalipobadilika. Kwa hiyo hadhira ya kwanza ya Portia ilimwona mvulana aliyejifanya mwanamke aliyejifanya mwanamume. Athens nako waigizaji wote walikuwa wanaume waliovaa vinyago. Shule za wavulana zinazoona haya kuigiza zisione haya.

Linalofuata ndilo lililotusukuma kuandika. Ni habari ya maziko.

Mwaka 1988 Ebrahim Hussein alichapisha Kwenye Ukingo wa Thim. Msingi wake ulijulikana na kila msomaji wa magazeti Afrika Mashariki: wakili S. M. Otieno wa Nairobi alifariki tarehe 20 Desemba 1986, na mjane wake, Wambui Otieno, Mkikuyu, akashindana mahakamani na ukoo wa Umira Kager, Wajaluo, juu ya mahali pa kumzika. Mahakama ya Rufani iliupa ukoo ushindi mwezi wa Mei 1987, na marehemu akazikwa Nyalgunga, wilayani Siaya, baada ya zaidi ya miezi mitano. Hussein hakuandika habari za mahakama. Aliwapa wahusika wake majina mengine, Herbert na Martha, na akakipa kitabu neno la Kijaluo lenye maana ya nyika, pori, mahali pasipo na mji. Martha anasimama ukingoni mwa pori hilo. Na ajabu ni kwamba pori limo ndani ya mji.

Wahakiki wengi wamemfananisha mwanamke wa namna hii na Antigone wa Sophocles, aliyemzika nduguye kinyume cha amri ya mfalme Creon. Mfanano upo, ila usitupumbaze. Antigone anatetea ukoo na mila dhidi ya dola. Martha anatetea ndoa yake dhidi ya ukoo na mila, na tumaini lake analiweka katika sheria ya dola. Wamesimama pande mbili zinazotazamana! Kama mvuto wao ungetoka katika upande walioushika, yaani usasa au ukale, tusingeweza kuwapenda wote wawili kwa wakati mmoja. Lakini twawapenda. Basi mvuto unatoka kwingine: kila mmoja anadai jambo dogo kabisa, kipande cha ardhi cha urefu wa mtu, na dai hilo dogo linaifichua serikali nzima, au ukoo mzima.

Ndiyo maana Antigone amesafiri mbali kuliko mwanamke yeyote wa jukwaani. Wafungwa wa Kisiwa cha Robben walimwigiza, na Nelson Mandela akashika nafasi ya Creon, jambo alilolisimulia mwenyewe katika kitabu cha maisha yake. Mwaka 1973 Athol Fugard, John Kani na Winston Ntshona walitunga tamthilia juu ya wafungwa wawili wa kisiwa hicho wanaojiandaa kumwigiza. Humo mmoja wao anaona aibu kuvaa nywele na matiti ya bandia, hadi anapotambua kwamba maneno ya yule msichana ni yake mwenyewe.

Mwalimu anayefundisha Kigali hawezi kuzisoma tamthilia hizi kama zinavyosomwa kwingine. Katika mji huu, huko Gisozi, wamezikwa zaidi ya watu 250,000 waliouawa katika mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi ya mwaka 1994, na kila Aprili nchi nzima huwakumbuka marehemu. Hadi miaka ya karibuni mabaki ya watu yamekuwa yakigunduliwa na kuzikwa kwa heshima. Ziko jamaa ambazo bado hazijawapata wao. Mwanafunzi wa hapa akisoma kwamba mwanamke alikubali kufa ili nduguye afunikwe udongo, hahitaji kuambiwa kwamba hiyo ni ishara ya kitu kingine. Kwake si ishara. Mwalimu mwenye busara atalitambua hilo kabla hajaingia darasani, wala hatamlazimisha mtoto yeyote kutoa mfano wa nyumbani kwao. Tamthilia ina fadhila hii, kwamba inampa mtu jina la mwingine la kusemea. Martha akisema, aliyekaa dawati la nyuma anaweza kusikiliza bila kuulizwa kitu.

Lakini si kweli kwamba wahusika hawa wanaishi kwa sababu tu shida zao bado zipo. Chukueni Natala, wa tamthilia ya Kithaka wa Mberia (1997). Mumewe, Tango, anatangazwa kuwa amekufa, shemejiye Wakene anataka kumrithi yeye pamoja na shamba, anakataa. Rwanda ilipitisha mwaka 1999 sheria iliyowapa watoto wa kike haki ya kurithi sawa na ndugu zao wa kiume, na mwaka 2008 Bunge lake lilikuwa la kwanza duniani kuwa na wanawake zaidi ya nusu ya wabunge. Je, msichana aliyezaliwa chini ya sheria hiyo amfanyie nini Natala? Amsome kama habari za kale? Tunadhani atamsoma kwa makini zaidi. Sheria humpa mtu haki; haimfundishi jinsi ya kusimama peke yake sebuleni mbele ya shemeji. Natala anayo maarifa hayo, na si yote ya kupendeza: ana ulimi mkali, na nguvu hata za mwili anazitumia.

Tusidhani kwamba watunzi wetu wakubwa waliliona jambo hili daima. Kinjeketile (1969), kazi bora ya Hussein kwa maoni ya wengi, inaanza na wanawake wakizungumza juu ya njaa, kisha inawasahau kwa kiasi kikubwa na kuwaachia wanaume vita. Historia yenyewe haikuwa hivyo. Katika vita vya Maji Maji alikuwako Nkomanile, mtawala wa kike wa Kingoni, aliyenyongwa na Wajerumani mwaka 1906 pamoja na wakuu wengine wa Songea. Hatusemi Hussein alipaswa kumwingiza. Mchezo wake umewekwa kwingine. Twasema tu kwamba nafasi ilikuwepo, na ilijazwa baadaye na wengine: Alamin Mazrui alimpa Lanina uongozi wa wafanyakazi wa shamba la mlowezi katika Kilio cha Haki (1981), na Pauline Kea akampa Tunu uongozi wa Sagamoyo katika Kigogo, kitabu kilichosomwa na shule nyingi za Kenya. Kwa kweli Tunu ni mwema mno kwa ladha yetu. Ashua, anayemchoka mumewe Sudi kwa sababu ya umaskini, ana damu zaidi.

Lipo jambo la mwisho, nalo ni la lugha. Mwezi wa Februari 2017 Bunge la Rwanda liliafiki Kiswahili kiwe lugha rasmi pamoja na Kinyarwanda, Kifaransa na Kiingereza. Kabla ya hapo, kwa miaka mingi, Wanyarwanda wengi walikisikia kwa sauti ya kiume: sauti ya askari, ya dereva wa lori, ya mchuuzi wa sokoni. Wanawake wa Biryogo na Nyamirambo walikisema majumbani mwao kizazi baada ya kizazi, ila nani aliwaendea kuwasikiliza? Mwanafunzi anayemsikia Portia akijenga hoja kwa Kiswahili sanifu, au Martha akiomboleza na kubishana kwa pumzi moja, anasikia lugha hii ikifanya kazi ambayo hakudhani inaiweza. Wala hatuna shaka kwamba watampokea. Redioni, tangu 2004, mchezo wa Kinyarwanda Musekeweya umewafanya watu wabishane juu ya Batamuriza na mpenzi wake Shema, wa vijiji vinavyohasimiana vya Bumanzi na Muhumuro, kama wanavyobishana juu ya majirani.

Kwa hiyo tungependa wanafunzi waigize kabla ya kuorodhesha. Waanze na onyesho moja tu la dakika kumi, wakiwa wamesimama, vitabu mkononi. Faida nyingine itajitokeza bila kutafutwa. Mnyarwanda mara nyingi huchanganya r na l, na mazoezi ya ubaoni hayamponyi upesi. Jukwaani anapona, kwa kuwa hadhira itacheka au itashangaa. Msichana anayesimama mbele ya wazee wa ukoo na kutangaza kwamba haikubali mahari hii, kisha akasikika akisema mahali badala ya mahari, amebadilisha tamthilia nzima kwa herufi moja. Na wenzake watamrudisha nyuma aseme tena, hadi ijulikane kwa hakika anakataa nini.